Naomba ushauri: niishi kwa kutunga na kuimba akapela, na je, nisaini karatasi ya studio?

Besi wa Nyegezi:
Wakubwa shikamooni, wenzangu habari za kazi. Mimi ni mwalimu wa sekondari hapa Mwanza, na kwa miaka kadhaa nimekuwa nikiimba besi, sauti ya chini kabisa, katika kundi la watu watano linaloimba akapela, yaani bila ala yoyote. Nyimbo zetu karibu zote nimezitunga mimi, maneno pamoja na sauti zote nne. Tunaitwa kwenye harusi, sendofu na makongamano ya makanisa, na malipo yanatosha nauli na kidogo cha kugawana. Sasa studio moja imejitolea kuturekodia albamu bila gharama kwa masharti mawili: tuongeze kinanda na ngoma, kwa kuwa wanaona akapela haina soko, nami nisaini kwamba nyimbo zote, pamoja na nitakazotunga kwa miaka mitano ijayo, ni mali yao. Wenzangu wanataka tusaini wiki hii. Naipenda akapela kwa dhati, maana ndani yake neno halina pa kujificha, lakini nina familia inayonitegemea. Je, niache ualimu? Nisaini?

Mwalimu wa Kwaya:
Marahaba, mwanangu. Ualimu usiuache kwa sasa. Joseph Shabalala wa Afrika Kusini aliunda kundi la akapela la Ladysmith Black Mambazo mwaka 1960, na albamu yao ya kwanza ikatoka mwaka 1973. Dunia iliwafahamu vizuri baada ya kuimba na Paul Simon, mwanamuziki wa Marekani, mwaka 1986, na tuzo yao ya kwanza ya Grammy waliipata mwaka 1988, wakiimba bila ala. Kwa hiyo anayesema akapela haina soko hajatazama mbali, ila soko lenyewe huchelewa, na anayelingoja lazima awe na chakula nyumbani.

Wakati huo rekebisheni yanayowakosesha mialiko. Kundi lisilo na ala hushuka ufunguo, yaani kimo cha sauti walichoanzia, taratibu bila wenyewe kujua. Mkianza wimbo katika G mnaweza kuumaliza katika F, na besi akakosa noti zake za chini. Jirekodini kwa simu, kisha linganisheni ubeti wa kwanza na wa mwisho kwa kinanda. Jingine ni vyombo. Ukumbini fundi mitambo huwapa maikrofoni mbili, soprano, mwenye sauti ya juu, akasikika peke yake na kazi yako yote ikapotea, kwa hiyo kabla ya kupokea malipo ya awali andikeni kwamba mnahitaji maikrofoni tano na muda wa kuzijaribu kabla wageni hawajaingia.

Sauti ya Pili:
Kaka, nakuandikia kutoka Nairobi. Kundi la Sauti Sol walianza hapa mwaka 2005 wakiimba akapela, baadaye akaongezeka Polycarp Otieno na gitaa lake, na upatanifu wa sauti uliendelea kuwa nguzo ya muziki wao. Kuongeza ala si dhambi. Kinachonisumbua ni kwamba uamuzi huo unatoka kwa mtu anayetaka pia kumiliki nyimbo zako. Wimbo uliotungiwa sauti nne tayari umejaa, na ukiuwekea kinanda juu yake, sauti za kati, teno na alto, huzibwa. Kama mnataka ala, tunga nyimbo nyingine zenye nafasi ya ala.

Msomaji wa Sheria:
Ndugu, usisaini karatasi hiyo jinsi ilivyo. Solomon Linda, mwanamuziki wa Afrika Kusini, alirekodi wimbo wake "Mbube" Johannesburg mwaka 1939, haki zake zikauzwa kwa shilingi 10, na akafariki mwaka 1962 akiwa maskini ilhali wimbo wake ukiimbwa duniani kote. Familia yake ilifikia makubaliano ya kulipwa mwaka 2006.

Kwa sheria yetu ya mwaka 1999, hakimiliki huanza pale kazi inapotungwa, nayo hudumu maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake. Kusajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, hukupa ushahidi, kwa hiyo sajili kabla ya kuingia studio. Kuna tofauti kubwa kati ya kuwapa ruhusa ya kutumia rekodi kwa muda maalumu na kuwahamishia umiliki wa utunzi. Wape la kwanza kama mapato yatagawanywa kwa maandishi. Nyimbo ambazo hujazitunga usimpe mtu yeyote.

Besi wa Nyegezi:
Nawashukuru sana. Nimewasomea wenzangu majibu haya, nasi tumekubaliana kuiandikia studio kwamba tunatoa nyimbo nne tu, bila ala, kwa ruhusa ya miaka miwili. Wakikataa tutachangishana turekodi hapa Mwanza. Limebaki swali moja: mwenzetu wa teno ndiye aliyebuni kiitikio cha wimbo mmoja mazoezini. Nimwandike?

Msomaji wa Sheria:
Mwandike kuwa mtunzi mwenza wa wimbo huo, mkubaliane asilimia, wote wawili msaini, na kila mmoja abaki na nakala yake. Fanyeni hivyo sasa, kabla wimbo haujaingiza hata shilingi moja.