Ushauri: Daktari nataka kutengeneza dokumentari ya mabusha na matende

DaktariPwani
Wakubwa shikamooni, wengine salaam. Mimi ni daktari huku Lindi. Napokea wazee waliokaa na busha miaka mingi kwa sababu waliambiwa wamerogwa, au wamekunywa madafu kupita kiasi. Nikimkalisha mmoja nikamweleza kuwa busha, kama matende, huletwa na minyoo inayoenezwa na mbu, inayoishi kwa miaka kwenye mishipa ya limfu, ile inayorudisha majimaji ya mwili kwenye damu, ananielewa vizuri. Ila huko kwao wamebaki wangapi? Siku ya kumeza kingatiba, yaani dawa ya kuzuia ugonjwa huu, vijana wanaingia mashambani, wamesikia dawa inamaliza nguvu za kiume. Inaniuma, maana dawa ni ya bure, mara moja kwa mwaka, na Togo ilithibitishwa mwaka 2017 kuwa imeutokomeza ugonjwa huu kama tatizo la afya ya jamii. Inawezekana!

Nimeanza kujifunza kamera. Je, niache kazi nifanye hili moja kwa moja? Na nitawapigaje picha wagonjwa bila kuwadhalilisha?

FundiPicha
Dokta, kazi usiache. Pesa ya dokumentari huja kwa msimu, na hao wazee wanakufungulia mlango kwa sababu wanakujua. Anza na filamu ya dakika kumi. Nunua maiki nzuri kabla ya kamera ya gharama. Picha ikiwa na giza watu watavumilia, sauti ikikwaruza wanaondoka. Halafu usihubiri. Mtafute mzee aliyepasuliwa busha, akubali kusema mwenyewe, umpige akiwa kazini kwake. Kibali cha Bodi ya Filamu kitafute mapema, na mwenyekiti wa kijiji ajue.

Nesi_Kusini
Hapo kwa mzee aliyepasuliwa nitie neno. Mgonjwa hawezi kumkatalia daktari wake. Atasema "sawa dokta" huku hataki. Ridhaa aiombe mtu mwingine, matibabu yakiwa yamekwisha, na aambiwe wazi kuwa video ikishaingia mtandaoni haifutiki. Akitaka uso usionekane, piga mikono na sauti. Kisha mwonyeshe yeye kwanza kabla ya mtu yeyote.

Na usiache kupiga tukio la kupima damu. Watoto wa minyoo hii hujaa usiku kwenye damu iliyo karibu na ngozi, ndiyo maana tunapima kuanzia saa nne hadi saa nane usiku. Foleni ile ya watu na tochi inaeleza mengi.

MamaSomoe
Mwanangu, Mungu akubariki. Usifanye filamu ya wanaume peke yao. Mama yangu alikuwa na matende, akaacha kwenda hata harusini. Matende hayakatwi yakaisha kama busha, lakini alipofundishwa kuosha mguu kwa maji na sabuni kila siku, kukausha katikati ya vidole na kuuinua akikaa, zile homa za kumlaza zilipungua sana. Onyesha mwanzo hadi mwisho mtu akiosha mguu, hata kama kipande hicho ni kirefu.

DaktariPwani
Asanteni sana, na shikamoo mama. Nabaki kazini. Ridhaa nitamwachia mtu wa nje ya kituo. Sehemu ya kuosha mguu ndiyo nitaanza nayo. Sasa niionyeshe lini?

FundiPicha
Wiki moja kabla ya kingatiba, uwanja wa shule, baada ya isha. Ubaki kujibu maswali. Wataanza na ile homa inayowapata baadhi yao wakishameza, kwa hiyo sema ndani ya filamu kuwa ni minyoo inakufa.

Nesi_Kusini
Na vijana waulize maswali yao peke yao, wazee wakishaondoka.