Naombeni ushauri: naandika mwendelezo wa Fatal Frame, nimekwama kwenye kamera

Habari zenu wakuu. Tangu nimalize Fatal Frame II, gemu ya kutisha ya kupambana na mizimu kwa kamera, ile ya mapacha Mio na Mayu iliyotoka 2003, naandika kwenye daftari mwendelezo wangu mwenyewe. Nimeuweka Hashima, kisiwa cha makaa ya mawe karibu na Nagasaki kilichohamwa mwaka 1974, maghorofa ya zege yakabaki yamesimama matupu baharini. Binti anarudi kutafuta picha ya marehemu baba yake, mchimbaji.

Nilipokwama ni kamera. Utamu wa gemu hizi ni kwamba huna bunduki, silaha yako ni kamera tu. Unamsubiri mzimu akusogelee mpaka uso wake ujae kwenye kioo, kidole kinatetemeka, ndipo unapiga, maana picha ya karibu ndiyo inayomuumiza zaidi. Mimi nataka picha zingine zisafishwe kwanza chumba cha giza, sura ijitokeze polepole ndani ya beseni. Nahofia itapoza mapambano.

Je, kusafisha kuwe kwa kufumbua siri tu? Au nimpe binti mkanda mmoja wa filamu, picha 12 kwa kila usiku? Mlioanza na gemu ya kwanza, ile ya 2001, nishaurini tafadhali.