Rhoma Irama alikuwa na haki ya kumkemea Inul?

Mkunazini: Wadau, mnakumbuka rabsha ya Indonesia mwaka 2003? Inul Daratista, binti wa Pasuruan, Java Mashariki, anazungusha nyonga jukwaani, VCD za kudurufu zinamfikisha nchi nzima. Rhoma Irama, mfalme wa dangdut, muziki wa dansi unaopendwa kule, akamjia juu kwamba anauchafua muziki. Mkongwe ana haki hiyo? Dangdut ndiyo taarab yao, na sisi hayo yametufika.

Kasri: Haki anayo. Miaka ya sabini yeye na bendi yake Soneta ndio walioingiza gitaa la roki na mawaidha ya dini humo. Kajenga nyumba, mgeni aje avunje vyombo?

DadaAmina: Nyumba gani? Dangdut ilitoka kwenye okestra za Kimalay na filamu za Kihindi, yeye kaikuta. Tena Rhoma huyo huyo utawala wa Rais Suharto ulimfungia TVRI, televisheni ya taifa, kwa kuwa alikipigia kampeni PPP, chama cha Kiislamu. Aliyeonja kufungiwa ndiye amzibe mwenzake?

PwaniAsilia: Ngoja kwanza. Nani kasema dangdut ni taarab yao? Taarab watu wamekaa vitini wanasikiliza shairi. Msituchanganye na viuno.

Mkunazini: Na kutunza je? Kule pia mtu anapanda na noti mkononi, anamtunza mwimbaji, wanaita saweran.

PwaniAsilia: Kutunza kwetu ni ujumbe. Mama anainuka kwenye ubeti unaomhusu, na aliyekusudiwa pale ukumbini anajijua. Nani anatunza kiuno?

Mtanga: Bibie, rusha roho umewahi kuhudhuria kweli?

PwaniAsilia: Rusha roho si taarab. Na usiniite bibie, mimi ni baba wa watu.

Kasri: Samahani mzee, undugu upo. Wahadhrami, Waarabu wa Yemen, waliohamia Java na waliohamia Mombasa ni watu wa asili moja. Gambusi kule ipo hadi leo, kwenye muziki wa dini na harusi.

DadaAmina: Jamani, mada! Kelele zile hazikuishia kwa Inul. 2006 aliandamana kupinga muswada wa sheria ya ponografia, Bali nao wakaukataa, na 2008 sheria ikapita. Hapo si adabu tena, ni polisi kuamua mwanamke acheze vipi. Halafu Agosti 2022 mawaziri wakainuka kucheza Ikulu ya Jakarta, akiimba Farel Prayoga, mtoto wa Banyuwangi. Viuno vya wakubwa havina sheria?

PwaniAsilia: Huyo mtoto aliimba kwa heshima zake. Hata Rhoma asingemgusa. Ila wewe Mtanga bado hujanijibu.

Mtanga: Nijibu nini, baba? Kina mama wanaojaza kumbi za rusha roho wanaiita taarab, na pesa wanatoa wao. Wewe una ukumbi gani?

PwaniAsilia: Wingi wa watu haugeuzi kelele kuwa shairi. Nitajie ubeti mmoja wa rusha roho wenye vina na mizani, niutazame.