Afisa wa serikali akikaidi amri ya mahakama, afungwe?

Mtoa hoja: Nashangaa kwamba Wakenya bado tunabishana iwapo afisa mkuu wa serikali afungwe kwa kudharau mahakama, ilhali njia nyingine zimezibwa na sheria yenyewe. Raia akimshinda raia mwenzake kortini, dalali hukamata gari na hata viti vya sebuleni. Lakini akiishinda serikali, Sheria ya Mashauri ya Serikali inamkataza kugusa mali ya umma. Atachukua cheti cha amri, yaani hati ya korti inayoonyesha anachodai, atakipeleka wizarani, atasubiri, kisha atarudi kortini kuomba afisa mhasibu, yaani katibu wa wizara anayesimamia fedha zake, alazimishwe kulipa, na afisa huyo akiipuuza amri hiyo ya pili ndipo atakapoweza kushtakiwa kwa kudharau mahakama. Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016 ilitaka hata hatua hiyo itanguliwe na notisi ya siku zisizopungua 30, fadhila ambayo mwananchi wa kawaida hakupewa. Jaji Chacha Mwita aliibatilisha sheria hiyo Novemba 2018, na sioni wa kuililia.

Tazameni pia Septemba 2024. Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, Gilbert Masengeli, aliitwa mara kadhaa na Mahakama Kuu aeleze waliko watu watatu waliotoweka Kitengela, asifike. Tarehe 13 Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu kifungo cha miezi sita, akampa siku saba kabla ya hukumu kutekelezwa. Tarehe 20 alifika na kuomba radhi, na siku hiyohiyo watatu hao walipatikana wakiwa hai. Sidai kwamba moja lilizaa jingine, maana polisi walikana kuwashikilia. Nasema tu kwamba wito haukumleta, kifungo kikamleta.

Mchangiaji: Ndugu yangu, kuhusu Masengeli sina ubishi, kwa kuwa kufika mbele ya jaji kulikuwa ndani ya uwezo wake. Deni ni jambo jingine. Katibu wa wizara aliyeteuliwa juzi hurithi hukumu iliyotolewa miaka mingi kabla yake, na fedha za kuilipa hazitoki bila idhini ya Bunge. Ukimfunga, mdai hapati hata senti. Tena ni nani atakayewakamata wakubwa hawa? Siku chache baada ya hukumu ya Mugambi, Idara ya Mahakama ililalamika kwamba walinzi wa jaji huyo wameondolewa.

Mtoa hoja: La deni nalikubali kwa sehemu. Katibu anayeonyesha kwamba aliziomba fedha hizo katika makadirio ya bajeti akanyimwa hajamdharau yeyote, wala hastahili jela. Ninayemlenga ni yule asiyeweza kuonyesha hata barua moja aliyoandika. Kuhusu walinzi, mimi nasoma kinyume chako: hakuna anayejisumbua kumtisha jaji ambaye amri zake hazimuumi. Faini ndiyo isiyotisha. Machi 2018 Jaji George Odunga aliwatoza Fred Matiang'i aliyekuwa Waziri wa Usalama wa Ndani, Joseph Boinnet aliyekuwa Inspekta Jenerali wa Polisi na Gordon Kihalangwa aliyekuwa mkuu wa uhamiaji Sh200,000 kila mmoja kwa kukaidi amri katika kesi ya Miguna Miguna, mwanasiasa wa upinzani aliyekuwa akifukuzwa nchini, akaagiza zikatwe kwenye mishahara yao. Wakati huo Miguna alikuwa amekwisha kufikishwa Dubai.