Kazi ya ubalozini kwenye nchi yenye vita, kiuhalisia ikoje?

mgeni_wa_itifaki:
Wakuu habari zenu. Nimemaliza mafunzo ya udiplomasia mwaka jana, sasa kuna tetesi kwamba baadhi yetu tutapangiwa nchi zenye vita, na jina langu huwa halikosekani kwenye tetesi mbaya 😅. Darasani Mkataba wa Vienna wa 1961 wa mahusiano ya kidiplomasia tumeumeza wote, kinga, itifaki, nani akae wapi mezani, lakini hakuna aliyetuambia siku inaendaje ukiwa kwenye mji unaopigwa mabomu. Nina mke na mtoto wa miaka 2. Na eti ni kweli ukitoka huko cheo kinapanda fasta?

mzee_wa_pouch:
Kijana wangu, nimekaa vituo viwili vya aina hiyo. Siku nyingi hukutani na bomu, unakutana na ukuta. Unataka kuonana na mtu nusu saa tu, unaomba kibali siku mbili kabla, unapangiwa magari na walinzi, halafu asubuhi mtu wa usalama anakwambia leo hakuna kutoka. Basi unarudi mezani kuandika ripoti ya nchi unayoiona dirishani. Kibaya zaidi, balozi zote tulikuwa tunawategemea maafisa wale wale watatu wanne wanaojua lugha zetu, wanatuambia kitu kimoja, kila mmoja anakipeleka makao makuu kwa maneno yake, tukikutana kila ubalozi unaona umethibitisha habari kwa mwenzake kumbe wote tumekunywa kisima kimoja.

Kuhusu kinga usijidanganye. Ibara ya 29 ya huo Mkataba wa Vienna inasema hukamatwi wala huwekwi kizuizini, sawa, lakini inaibana serikali iliyokupokea, yule mwenye bunduki porini hajasaini chochote. Luca Attanasio, balozi wa Italia kule Kongo, aliuawa tarehe 22 Februari 2021 karibu na Goma pamoja na mlinzi wake na dereva, na barabara ile ilikuwa imeshaidhinishwa kupitika bila msindikizo.

mtoto_wa_balozi:
Mama yangu alikuwa kazi hii. Familia hairuhusiwi kwenda vituo hivyo, sisi tulibaki na bibi. Kila kukitokea shambulio mama alikuwa anawahi kupiga kabla hatujaona kwenye TV, anasema niko salama, mmekula? Sasa ikafika mahali simu yake ikiita saa isiyo ya kawaida sote tunaganda, yaani ile simu ya kusema yuko salama ndiyo ilikuwa inatutisha. Zungumza na mke wako vizuri kaka, usimwambie "ni miaka miwili tu".

mkalimani_mstaafu:
Nyie mnaongelea walioenda, mimi nilikuwa upande wa pili, nilitafsiri kwenye ubalozi mmoja mjini kwetu miaka sita. Mikutano yote nipo, nikiona kiongozi wa mtaa amebadilisha namna ya kusalimia najua kuna jambo, namwambia bosi, inaandikwa kwenye ripoti kama "chanzo cha kuaminika". Siku mambo yalipoharibika magari yaliondoka usiku, mimi nimepata meseji asubuhi, asante kwa utumishi wako. Na si kwetu tu. Khartoum Aprili 2023 balozi zilipofungwa, kuna raia waliokuwa wameomba viza pasipoti zao zikabaki zimefungiwa ndani, wengine zao ziliharibiwa pamoja na nyaraka za siri, na mtu bila pasipoti anavukaje mpaka?

kalamu_nyekundu:
La cheo: ndiyo, mara nyingi inasaidia, na posho ya mazingira magumu ipo. Ila ukienda kutafuta ushindi utaumia. Kofi Annan aliachia usuluhishi wa Syria Agosti 2012 baada ya miezi michache, akaja Lakhdar Brahimi, mtu aliyesaidia kumaliza vita vya Lebanon kwa makubaliano ya Taif 1989, naye akang'atuka Mei 2014 vita vikiendelea. Kama wale wazito walikwama, wewe katibu wa tatu, cheo cha chini ubalozini, kutoa mfungwa mmoja au kupitisha lori moja la dawa hesabu ni mwaka mzuri.

mgeni_wa_itifaki:
Duh. Asanteni, hasa @mkalimani_mstaafu, pole sana. Hilo la wafanyakazi wazawa halikuwepo hata kwenye mtihani. Mzee, kama ungeanza upya ungeuliza nini kabla ya kusaini?

mzee_wa_pouch:
Muulize mtu wa utumishi: tukihamishwa kwa dharura, dereva na mkalimani wetu wamo kwenye orodha? Halafu andika wosia, usicheke.

mgeni_wa_itifaki:
Nimemuuliza leo. Kasema suala hilo linaangaliwa.

mkalimani_mstaafu:
Hata sisi tuliambiwa linaangaliwa.