MJADALA: Eliza alirudi kufanya nini kwa yule profesa?

Mleta mada:
Wakuu habari za jioni. Jana nimerudia My Fair Lady, ile ya 1964 ya Audrey Hepburn na Rex Harrison, ndefu hiyo karibu saa 3, na kila nikifika mwisho nakasirika upya. Kwa ambao hamjaiona: London ya zamani, binti wa uswahilini anaitwa Eliza Doolittle anauza maua usiku pale Covent Garden, watu wa kishua wanatoka opera wanakimbia mvua, msomi mmoja wa lafudhi Profesa Higgins anamsikia anavyoongea anaanza kumponda mbele za watu, baadaye anawekeana dau na Kanali Pickering kwamba kwa miezi 6 atamnoa mpaka apite kama mke wa lodi. Akamnoa kweli, wakaenda kwenye dansi la ubalozi, binti akapita mpaka mtaalamu mmoja akaapa huyu ni binti mfalme wa Hungaria.

Sasa tazameni wakirudi nyumbani. Wazee wawili wanapongezana, mpaka watumishi wa ndani wanaimba kumsifu profesa, na aliyefanya kazi yenyewe kasimama pembeni na gauni lake hakuna hata anayemuuliza umechoka. Anamtupia ndala. Halafu anauliza kitu kinachoniumaga mpaka leo, hizi nguo ni zangu au za Kanali? Na mikufu anairudisha, ya kukodi, asije akaambiwa kaiba. Yaani anaongea kama malkia lakini moyoni bado ni mtu wa kupekuliwa getini.

Akaondoka, nikapiga makofi. Kumbe anarudi! Mzee kajilaza kwenye kiti, anashusha kofia mpaka machoni anauliza ndala zangu ziko wapi. Mwisho. Hayo ni mapenzi? Mimi nasema hakupaswa kurudi, njooni mnipinge.

Ndala Moja:
Mkuu umeikamia mno, ni muvi ya kuchekesha hiyo. Kabla ya pale mzee katembea njia nzima anaimba kwamba kashamzoea, kaketi peke yake anasikiliza sauti ya binti kwenye mashine, mwanaume mwenye kiburi kile akifika hapo kashakwisha. Kofia kaishusha kuficha uso, si dharau. Na angeenda wapi? Kwa Freddy? Mtoto wa kishua aliyefulia, kazi yake kusimama barabarani kuliimbia dirisha, angemlisha nyimbo?

Mzee wa Maktaba:
Hapo kwa Freddy umeteleza kijana. Stori ni ya Bernard Shaw, tamthilia ya Pygmalion, 1913, na mle Eliza anaondoka. Ilipochezwa London 1914 steringi akawa anamrushia Eliza maua mwishoni ili watu wadhani wataoana, Shaw akawaka. 1916 akaongeza maelezo kabisa, kwamba Eliza kaolewa na Freddy wakafungua duka la maua. Haikusaidia, sinema ya 1938 wakamrudisha tena Eliza na tuzo ya Oscar ya uandishi Shaw akapewa hivyo hivyo 😂 Akafa 1950, hii ya nyimbo ikaanzia jukwaani Broadway, New York, 1956, ndiyo ikaja kuwa muvi, hayupo wa kugomba.

Wa Kimya:
Mimi sioni la kurudi, naona la sauti. Muvi nzima inahusu binti aliyebadilishwa sauti ili akubalike, halafu Audrey Hepburn mwenyewe kafanya mazoezi ya kuimba, wakaiondoa sauti yake karibu yote wakaweka ya mwimbaji Marni Nixon, na jina la Nixon halikuandikwa. Julie Andrews aliyeicheza jukwaani walimwacha kwa sababu hakuwa na jina kwenye sinema. Oscar za 1965 muvi ikabeba 8, Hepburn hakuteuliwa hata, Andrews akachukua yake kwa muvi ya Mary Poppins. Sasa nani alikuwa Higgins hapo?

Shosho wa Umoja:
Wueh. Na sisi huku Nairobi mtu akishrabu kidogo kwa mkutano, lafudhi ya kwao ikimtoka, watu wanacheka hadi wanasahau alikuwa anasema nini. Higgins ni wengi.

Mleta mada:
Wa Kimya umeniacha mdomo wazi, hilo la sauti sikuwahi kuliunganisha. Ndala Moja, Freddy sawa nimekuachia, ila nani kasema lazima achague mwanaume? Siku ya kwanza alikuja na hela yake mkononi kulipia masomo, anataka kazi kwenye duka la maua, hakuja kutafuta mchumba. Aliyemuuza ni baba yake, alikuja akaondoka na pauni 5. New York walivyoirudisha jukwaani 2018 Eliza alishuka akapita katikati ya watazamaji akasepa, mzee kabaki na nyumba yake.

Ndala Moja:
Na ndala je, nani kampa?

Mleta mada:
Zilirushwa, azitafute chini ya meza.