Kwa nini mji wa Rodney, kando ya Mto Mississippi, uliachwa?

Swali

Wanajamvi, salaam. Rodney ulikuwa mji wa biashara katika jimbo la Mississippi, Marekani, lakini sasa yamebaki makanisa na majengo machache yaliyozingirwa na msitu. Wapo wanaosema uliangamizwa na vita vya wenyewe kwa wenyewe, na wapo wanaosema mto ndio uliouhama. Naomba wenye ujuzi wanifafanulie.

Jibu la 1

Ndugu, ni vyema kuanza na kilichoujenga, yaani pamba. Mahali hapo paliitwa Petit Gulf hadi mwaka 1814, pakapewa jina la jaji Thomas Rodney, na mwaka 1828 pakatambuliwa rasmi kuwa mji. Meli za mvuke zilitia nanga kupakia marobota, na aina ya pamba iliyoendelezwa na Dkt. Rush Nutt, mkazi wa jirani, ilienea Kusini kwa jina hilohilo la Petit Gulf. Walioipanda na kuichuma walikuwa watumwa. Utajiri wote uliopita gatini ulitokana na jasho lao, na historia isiyowataja haijakamilika.

Jibu la 2

Vita vilifika, ila havikuuangamiza. Septemba 1863, nahodha wa Rattler, manowari ya serikali ya Muungano, alishuka na baadhi ya mabaharia wake kwenda ibadani katika kanisa la Presbiteri, wapanda farasi wa Kusini wakawavamia humo na kuwateka. Waliobaki melini waliushambulia mji kwa mizinga. Ukitazama ukuta wa mbele wa kanisa hilo la matofali, juu ya madirisha, utaona tufe la chuma linalokumbusha siku hiyo.

Jibu la 3

Naafikiana na mchangiaji aliyetangulia. Pigo kubwa lilikuja baadaye: mwaka 1869 moto uliteketeza sehemu kubwa ya mji, na wakati huohuo fungu la mchanga lilikuwa likikua mtoni hadi mkondo ukahamia magharibi, umbali wa kilomita 3 hivi, gati ikabaki bila maji ya kupitisha meli. Hata hivyo, kwa maoni yangu, reli ndiyo iliyofunga njia ya kurudi, kwa kuwa ilipitishwa kwingine na wafanyabiashara wakaifuata. Mwaka 1930 gavana aliuondolea Rodney hadhi ya mji, lakini wakazi wengi walikuwa wamekwisha kuondoka.